Skrubu isiyo na kichwa haivuti, inasukuma

Mkono wa kitasa ulinibaki kiganjani. Niliuvuta kama ninavyouvuta kila siku, ukachomoka mzima, na kile kijiti cha chuma chenye pande nne kikabaki kimechungulia mlangoni. Nilipougeuza nikaona, chini ya shingo yake, mahali ambapo jicho halifiki, kitundu kisichozidi punje ya mchele. Ndani yake mlikuwa na kipande kifupi cha chuma chenye nyuzi na tundu la pembe sita. Hakikuwa kimevunjika wala kupotea. Kilikuwa kimelegea mizunguko miwili tu. Nikaurudisha mkono mahali pake, nikaingiza ufunguo wa Allen, ule wa pembe sita, nikakaza, mlango ukafunguka kama zamani.

Hiyo ndiyo skrubu isiyo na kichwa, na watu wengi hukutana nayo namna hiyohiyo, siku inapolegea. Siku nyingine zote haionekani, maana imetengenezwa isionekane. Nimeichunguza kwa miaka kadhaa sasa kwa sababu iko kwenye karibu kila mashine ninayoigusa, na kwa sababu kuna kosa moja kuihusu ambalo linaniuma kila ninapoliona: ikilegea, mtu anakaza zaidi. Ikilegea tena, anakaza zaidi ya hapo. Mara ya tatu tundu la ufunguo linalika, na tatizo lililokuwa la dakika moja linageuka kazi ya siku nzima. Swali la kwanza linapaswa kuwa skrubu ile inasukuma nini, na kwa ncha gani.

Tuanze na bolti ya kawaida ili tofauti ionekane. Bolti ina kichwa, na kichwa hicho ndicho kinachoiwezesha kubana. Unapoikaza, nyuzi zinaivuta mbele, kichwa kinakataa kupita, shina lililo katikati linanyooka kidogo sana kama mpira uliovutwa, na katika kutaka kurudi urefu wake linavibana vipande viwili pamoja. Skrubu isiyo na kichwa haina cha kukataa. Ni shina tupu lenye nyuzi toka mwanzo hadi mwisho. Upande mmoja una tundu la ufunguo au mfuo wa bisibisi, upande wa pili una ncha. Inapita ndani ya ukuta wa kitu cha kwanza, inatokea upande wa ndani, inakigusa kitu cha pili na kukisukuma. Shina lake halinyooki, linagandamizwa.

Chukua puli, yaani gurudumu la mkanda, iliyovishwa kwenye shafti ya mota, ule mhimili unaozunguka. Skrubu iko ubavuni mwa puli, imeelekea katikati. Ukiikaza, ncha inaisukuma shafti, shafti inasogea mpaka inagota ukuta wa tundu la puli upande wa pili, na hapo haina tena pa kwenda. Sasa imebanwa sehemu mbili: pale ncha inapoigusa, na pale mgongo wake ulipoegemea ukuta. Msuguano wa sehemu hizo mbili ndio unaoizuia puli isizunguke peke yake wala isiteleze kwenda mbele au nyuma. Wengi hudhani ni ncha tu inayofanya kazi. Mgongo wa shafti unafanya kazi vilevile, na ndiyo maana tundu la puli likiwa pana kuliko shafti mambo huharibika. Shafti inaegemea upande mmoja, inagusa ukuta kwenye mstari mwembamba, puli inakaa nje ya kitovu chake na kuyumba inapozunguka. Hakuna kukaza kutakakouondoa myumbo huo, kwa sababu kukaza ndiko kulikouleta.

Mimi nilijifunza haya kwenye printa ya 3D. Ilikuwa inachapa vizuri saa nzima, kisha ghafla tabaka moja linahama pembeni, na kila linalofuata linajengwa juu ya kosa hilo, kama ukuta ambao mjenzi ameuhamisha uzi wake katikati ya kazi. Nilikaza mkanda. Nilipunguza kasi. Nilibadilisha mipangilio ya programu, nikaongeza umeme unaoingia kwenye mota. Usiku wa tatu nikachukua kalamu ya wino mzito, nikachora mstari mmoja kutoka usoni mwa puli hadi kwenye kitako cha shafti, nikaiacha ichape. Asubuhi mstari ulikuwa umekatika. Kipande kilichokuwa kwenye puli kilikuwa kimeachana na kile cha kwenye shafti kwa pengo ambalo halikufika nusu milimita.

Pengo hilo linatosha kabisa. Puli za printa nyingi za aina ile zina meno 20, na mkanda wake una jino kila milimita 2, kwa hiyo mzunguko mmoja wa puli ni milimita 40 za mwendo. Puli ikiteleza digrii 9 tu, kazi yote imehama milimita 1. Na juu ya shafti yenye kipenyo cha milimita 5, digrii 9 ni takriban sehemu nne za kumi za milimita. Jicho la kawaida halizioni bila mstari wa wino.

Nikaivua puli. Kwa lenzi nikaona shafti ina upande mmoja uliosawazishwa, hivi kwamba ukiitazama kwa mbele inafanana na herufi D. Ubapa huo ulikuwa msafi kabisa, haujaguswa na kitu. Makovu yote yalikuwa upande wa mviringo: alama ndogo zilizopinda kama mwezi mwandamo, moja juu ya nyingine, kisha mstari mwembamba unaong'aa ulioizunguka shafti. Alama za mwezi ni pale ukingo wa skrubu ulipouma. Mstari unaong'aa ni pale ulipoachia ukaburuzwa. Aliyeiunganisha puli ile alizikaza skrubu zote mbili juu ya mviringo, na ubapa uliochongwa kwa ajili yake ukabaki bure. Niliizungusha puli hadi skrubu moja ikatazamana na ubapa, nikaikaza hiyo kwanza, kisha ya pili. Tabaka halikuhama tena.

Tofauti yake ni hii. Juu ya mviringo skrubu inategemea msuguano peke yake. Juu ya ubapa, puli haiwezi kuteleza mpaka kona ya ubapa iinyanyue ncha, yaani mpaka shafti iisukume skrubu irudi ilikotoka, na nyuzi haziruhusu hilo kirahisi. Kwa kutumia tupa na dakika kumi mtu anaweza kujichongea ubapa wa namna hiyo kwenye shafti isiyo nao. Sijui kwa nini hatufanyi hivyo mara nyingi zaidi.

Ubapa una faida ya pili ambayo huonekana siku ya kufungua. Ncha ikiuma chuma, chuma kilichosukumwa hakipotei. Kinainuka pembeni mwa kovu kama udongo unavyoinuka kandokando ya mtaro. Kwenye shafti ya mviringo kidonda hicho kilichovimba kinazidi kipenyo cha tundu la puli, na puli haitoki. Mtu anachukua nyundo, anagonga, anaharibu beringi za mota. Kwenye ubapa uvimbe unainuka lakini unabaki chini ya duara la shafti, na puli inateleza na kutoka kwa mkono.

Sasa ncha zenyewe. Ile inayopatikana kila mahali ni ya kikombe: katikati imechimbwa, ukingo wake ni pete kali. Pete hiyo inauma chuma kilicho laini kuliko yenyewe na kujichongea kikao. Inashika vizuri sana na inaacha kovu, kwa hiyo ni ya mahali ambapo hutarajii kufungua kila wiki. Ipo na ya kikombe chenye meno madogo ukingoni, yanayopinga skrubu kurudi nyuma, na hiyo ndiyo ninayoichagua kwa mashine inayotetemeka. Ncha bapa haiumi, inagandamiza tu. Nzuri kwa kitu kinachorekebishwa mara kwa mara, au kwa bomba lenye ukuta mwembamba ambalo kikombe kingelitoboa. Ncha ya koni inazama ndani, na inatulia zaidi ukiichimbia kwanza kishimo kwa keekee. Ni ya kitu ambacho kikishakaa hakihami. Ncha ya mviringo, kama kitako cha yai, ni ndugu ya bapa, inafaa pale inapogusa uso ulioinama.

Ile ninayoona imesahaulika ni ncha ya kidole. Mwisho wa skrubu nyuzi zinakoma na kunabaki kijiti laini cha mviringo. Kijiti hicho kinaingia kwenye tundu lililotobolewa ndani ya shafti, na hapo kazi haibebwi na msuguano tena, inabebwa na chuma chenyewe. Au kinaingia kwenye mfereji uliochongwa kwa urefu wa shafti, na kitu kilichovishwa kinaweza kuteleza mbele na nyuma lakini hakiwezi kuzunguka. Skrubu moja ndogo inafanya kazi ya reli. Anayeagiza kwa namba za viwango vya kimataifa atazikuta zikifuatana: ISO 4026 ni bapa, 4027 koni, 4028 kidole, 4029 kikombe. Kwenye makabati ya zamani bado kuna visanduku vilivyoandikwa DIN 913 hadi 916, namba za kiwango cha Kijerumani, kwa mpangilio uleule.

Kuuma kunahitaji ugumu. Skrubu nyeusi za chuma cha aloi kwa kawaida huwa za daraja 45H, maana yake ugumu usiopungua 450 kwa kipimo cha Vickers. Kanuni ya zamani ya mafundi wa mashine inataka skrubu iizidi shafti kwa angalau pointi 10 za Rockwell C, kipimo kingine cha ugumu. Isipoizidi, ukingo wa kikombe ndio unaoumia. Niliwahi kutoa skrubu nyeusi na kuweka ya chuma cha pua kwa sababu ya kutu, juu ya shafti iliyogumishwa. Ikawa inalegea kila baada ya siku chache. Nilipoitoa na kuitazama kwa lenzi, ule ukingo mkali ulikuwa umelala na kung'aa kama sarafu. Skrubu za chuma cha pua zina mahali pake, bafuni na popote penye maji, ila juu ya chuma kigumu hazina meno.

Puli nyingi huja na skrubu mbili, na watu huuliza kwa nini hazikuwekwa zikitazamana. Zikitazamana zinasukumana, shafti inaelea katikati yake, na ule mgongo ulioegemea ukuta unapoteza mwegemeo. Umeongeza skrubu na kupunguza ushikaji. Zikiwekwa kwa pembe ya digrii 90 au chini kidogo ya hapo, zote mbili zinaisukuma shafti kuelekea upande mmoja wa ukuta, na kila moja inaisaidia mwenzake. Njia nyingine ni kuziweka katika tundu moja, ya pili ikikaa juu ya kichogo cha ya kwanza na kuifungia. Kabla ya kusema puli imeshindikana kutoka, ingiza ufunguo tena baada ya kutoa skrubu ya juu. Wengi wamehangaika bila kujua kwamba chini ya ile ya juu kulikuwa na nyingine bado imekaza.

Jambo lililonigusa kuliko yote nililisoma katika historia yake. Viwanda vya karne ya 19 viliendeshwa na shafti ndefu zilizopita darini, na kila mashine ilichukua nguvu zake kwa mkanda kutoka kwenye puli iliyo juu. Puli na kola, yaani pete za chuma zinazovishwa kwenye shafti, zilibanwa kwa skrubu zenye kichwa cha mraba kilichochomoza nje. Shafti ikizunguka, kichwa hicho hakionekani. Macho yanaona duara laini. Kinanasa mkono wa shati, aproni, nywele, na kumviringisha mtu kwenye shafti. Watu walikatika viungo na kufa kwa sababu ya kipande cha chuma kilichochomoza kwa urefu wa ukucha. Kuondoa kichwa kulikuwa jibu, lakini mfuo wa bisibisi ulikuwa dhaifu mno, unavunjika kabla skrubu haijakaza. Mwaka 1910 William G. Allen wa Hartford, Connecticut, alipata hataza ya njia ya kufinyanga tundu la pembe sita ndani ya chuma baridi, na kampuni yake ikatangaza skrubu hizo kwa jina la skrubu za usalama. Huko Kanada Peter Robertson alikuwa amepata hataza ya tundu la mraba mwaka 1909, na Ujerumani kampuni ya Bauer & Schaurte ikaleta jina Inbus mwaka 1936, jina ambalo Wajerumani wanalitumia kwa ufunguo huo hadi leo. Kwa hiyo tunaposema ufunguo wa Allen tunataja jina la mtu ambaye bidhaa yake iliondoa hatari darini.

Tundu hilo la pembe sita lina udhaifu mmoja, ni dogo. Kwa skrubu hizi upana wa ufunguo ni nusu ya kipenyo: M3, yaani skrubu ya kipenyo cha milimita 3, inachukua milimita 1.5, M4 inachukua 2, M5 inachukua 2.5, M6 inachukua 3, M8 inachukua 4. Bolti ya M3 yenye kichwa cha silinda inachukua ufunguo wa 2.5. Ndiyo maana ufunguo wa 1.5 unajipinda mkononi kabla hujahisi umekaza, na ndiyo maana kila uchakavu wa ncha yake unadhuru. Kinachoharibu zaidi ni kuchanganya inchi na milimita. Tundu la inchi 1/16 lina upana wa milimita 1.59, ufunguo wa 1.5 unaingia bila shida, unazunguka kidogo, unahisi unafanya kazi, kisha unazilamba kona zote sita. Ufunguo ukiingia na kuchezacheza, simama hapo na utafute mwingine. Ufunguo uliochakaa ncha haujafa: kata milimita chache kwa jiwe la kusagia, bila kuupasha moto hadi ubadilike rangi, na umepata kona mpya. Ule wenye ncha ya duara kama mpira wa kuchezea ni wa kufikia pembeni tu, usikazie nao.

Kabla ya kukaza, safisha tundu. Vumbi na mafuta yaliyoganda ndani huuzuia ufunguo usifike chini, na ufunguo uliofika nusu unabeba kazi yote kwa nusu ya kona. Baada ya kukaza, iendeshe mashine kidogo kisha urudi kukaza mara moja tena, maana ncha ikishauma inakaa vizuri na kuacha nafasi ndogo nyuma yake. Hapo kukaza tena ni halali.

Palipo na mtetemo natia tone la gundi ya nyuzi. Gundi hii hukauka pale inapokosa hewa na kugusa chuma, ndiyo maana inabaki maji ndani ya chupa yenye hewa na kuganda katikati ya nyuzi. Kwa gundi za chapa ya Loctite, ya zambarau, 222, ndiyo ya skrubu ndogo. Bluu, 243, ni ya kati. Nyekundu, 271, isikaribie skrubu ya M3, kwa sababu tundu litalika kabla gundi haijaachia. Ikibidi kuifungua, joto la karibu digrii 250 za Selsiasi ndilo linaloilainisha. Na iepushe na plastiki. Baadhi ya plastiki hupasuka zikiguswa nayo.

Kuna mahali ambapo naikataa skrubu hii kabisa. Mzigo mzito unaobadili mwelekeo kila mara unahitaji kabari ndani ya mfereji wa shafti, na skrubu juu yake iwe ya kuizuia kabari isihame tu. Kola iliyopasuliwa, inayobana shafti kwa mzunguko wake wote kwa bolti ya kawaida, ni bora kwa kitu kinachosogezwa mara nyingi, kwa sababu haiachi kovu. Na kwenye vibanio vya waya vya umeme, ambako skrubu inaukanyaga waya moja kwa moja, usiutie lehemu waya wa nyuzinyuzi kabla ya kuubana. Lehemu ni laini, inahama polepole chini ya mgandamizo, skrubu inabaki imelegea bila kuguswa, na kiungo kinapata moto. Vishe waya kikofia chake cha chuma.

Yote hayo ni skrubu ikishikilia kitu kisiende. Upande wake mwingine naupenda zaidi, pale inapokuwa mguu. Pini zinazochomoza kwenye pedali za baiskeli za milimani mara nyingi ni skrubu za namna hii, zinazopandishwa au kushushwa kulingana na ukali ambao mwendeshaji anautaka chini ya kiatu. Kwenye mashine ya kukereza, safu ya skrubu za kidole au koni inakisukuma kipande chembamba cha chuma ubavuni mwa kitelezi hadi ulegevu uishe, kila moja ikifungwa kwa nati. Na kwenye magitaa mengi ya umeme, kila uzi umelala juu ya kitandiko kidogo cha chuma, na kitandiko kimesimama kwa miguu miwili ambayo ni skrubu zisizo na kichwa. Hatua ya nyuzi za skrubu, yaani mwendo wake kwa mzunguko mmoja, ikiwa nusu milimita, kama ilivyo kwa M3 ya kawaida, robo ya mzunguko inauinua uzi wa gitaa sehemu 125 za elfu za milimita. Unageuza kidogo mguu wa kushoto, kidogo wa kulia, unapiga uzi, unasikiliza kama bado unavuma vibaya kwenye pingili za shingo, unageuza tena kidogo.